Muulize Bibi Shamba: Kivumbasi, kazi yake ni harufu yake

Katika toleo lililopita nilitaja kwa kupitia tu kwamba ua wangu hapa Tabora mjini nimeuzungushia kivumbasi. Mstari ule mmoja umeniletea barua nyingi kuliko kurasa mbili nilizoandika kuhusu mbolea, na nimefurahi, maana huu ni mmea niliokaa nao tangu utotoni. Nimechagua barua tano. Kama una kivumbasi jirani, chuma jani moja ulifikiche na kulinusa kabla hujaendelea kusoma. Utanielewa upesi zaidi.

*Bibi Shamba, shikamoo. Mimi ni mama wa watoto wanne, niko Urambo. Mwaka jana nilivuna magunia kumi na mawili ya mahindi. Nilichanganya na majani makavu ya kivumbasi kama alivyokuwa akifanya marehemu mama mkwe. Mwezi wa kumi nilipofungua gunia la tatu nilikuta unga mwingi kuliko punje. Je, mama mkwe alitudanganya, au kivumbasi cha siku hizi si kile cha zamani?*

Marahaba mwanangu, na pole sana. Najua gunia la mahindi lina maana gani mwezi wa kumi, mvua haijanyesha na shule zinadai michango.

Mama mkwe wako hakukudanganya, na kivumbasi ni kile kile. Kilichobadilika ni mdudu. Wazee wetu walipokuwa wakitia kivumbasi kwenye kihenge, adui yao alikuwa fukusi. Mwishoni mwa miaka ya 1970 akaingia mgeni anayeitwa dumuzi. Asili yake ni Mexico na nchi za Amerika ya Kati, na mahali pa kwanza alipogundulika Afrika nzima ni hapa hapa mkoani kwetu Tabora. Mwaka 1981 taarifa yake ikachapishwa, na kufika 1984 alikuwa ameshaonekana hadi Togo. Huku kwetu wakulima wengine walimwita Scania, kama lile lori kubwa, kwa jinsi alivyobomoa kila kilichokuwa mbele yake.

Chukua wadudu wawili watatu kutoka lile gunia uwaweke kwenye karatasi nyeupe, juani. Fukusi ana mdomo mrefu uliochongoka kama mkonga, utauona bila miwani. Dumuzi hana mkonga. Ni kipande kifupi cha kahawia iliyoiva, milimita 3 au 4, mviringo kama kijiti cha kiberiti kilichokatwa. Ukimtazama kutoka juu huoni kichwa, kimefichwa chini ya mgongo, na nyuma yake ni bapa kana kwamba amekatwa kwa wembe. Unga ule mwingi uliouona ni kazi yake. Fukusi hula ndani ya punje akakuachia tundu na ganda. Dumuzi hutoboa njia kutoka punje moja hadi nyingine, na anachosaga ni kingi kuliko anachokula.

Haya sikuyasoma kitabuni kwanza. Mwaka 1983 nilikuwa bibi shamba mpya kazini. Nilikwenda likizo kijijini kwetu, upande wa Nzega, mama akanionesha magunzi yaliyoanza kutoa unga. Nilimwambia aongeze kivumbasi. Nilimwambia kwa uhakika wa mtu aliyetoka chuoni, naye akaamini kwa sababu mimi ndiye niliyesomeshwa. Akakata kichaka kizima, akapanga tabaka la mahindi, tabaka la kivumbasi, hadi juu. Niliporudi mwezi wa pili nilisimama kando ya kihenge jioni nikasikia mlio kama manyunyu juu ya bati. Walikuwa wao, wanatafuna. Tulipofungua, hindi lililokuwa zito mkononi lilikuwa jepesi kama sufi. Mama hakunilaumu. Alikinga ule unga kwenye ungo akawamwagia kuku. Tangu siku hiyo sijamwambia mkulima yeyote kwamba kivumbasi kinatosha kwa mahindi yake yote.

Sasa ufanye nini msimu huu? Dumuzi anapenda hindi likiwa bado kwenye gunzi, maana hapo anapata mahali pa kujishikiza anapotoboa. Kwa hiyo pukuchua mapema, usihifadhi na magunzi. Kausha vizuri juu ya turubai. Ukitaka kujua kama yamekauka, tia punje kiasi kwenye chupa kavu pamoja na chumvi kavu, tikisa, kisha tulia. Chumvi ikiganda kwenye chupa, rudisha mahindi juani. Halafu tumia mifuko isiyopitisha hewa, ile yenye mifuko miwili ya nailoni ndani na kiroba nje. Ilibuniwa miaka ya 1980 kwa ajili ya kunde kule Kameruni na watafiti wa Chuo Kikuu cha Purdue cha Marekani, na inafanya kazi kwa njia rahisi: wadudu walio ndani humaliza hewa, wakaacha kula, wakafa. Funga kila mfuko peke yake, kwa kamba, ukiuminya hewa itoke. Usiufungue kila wiki kutazama.

Ukiamua kutumia dawa ya unga, soma kibandiko. Inayotakiwa kwetu ni yenye viuatilifu viwili, kwa mfano pirimifosi-methili kwa ajili ya fukusi na permethrini kwa ajili ya dumuzi. Kimoja peke yake humwacha mmoja wao akiendelea kula. Fuata kipimo kilichoandikwa, na usitumie dawa ya pamba kwenye chakula hata jirani akikuapia.

Na vile vihenge na miti ya ghala la mwaka jana, usirudishie mahindi mapya humo. Dumuzi huishi kwenye mbao pia. Fagia, choma mabaki yote. Makopa ya muhogo nayo anayala vizuri tu, usiyaweke jirani na mahindi.

Kivumbasi kibakize kwa kazi ndogo. Mimi nakitia kwenye dumu la mbegu za maharage, kikavu na kinachonukia, na kila mwezi nafungua kunusa. Harufu ikififia nabadilisha. Nadhani hapo ndipo siri ya mama mkwe wako ilipokuwa, na huenda hakukuambia kwa sababu kwake lilikuwa jambo la wazi: kivumbasi hakifanyi kazi kwa kuwa majani, kinafanya kazi kwa kunukia. Majani makavu yaliyokwisha harufu ni takataka tu ndani ya mahindi.

*Shikamoo Bibi. Mimi ni binti wa Ujiji. Bibi mzaa mama ana mrihani kwenye beseni lililotoboka mbele ya nyumba, na kwenye harusi tunaufunga pamoja na asumini. Shangazi yangu alikuja kutoka Tabora akasema hicho ni kivumbasi tu. Kaka anayefanya kazi hotelini akasema wote wamekosea, ni kiungo cha Waitaliano kinachowekwa kwenye piza. Nyumba nzima imebishana wiki mbili. Tumekubaliana utuamue wewe.*

Marahaba mjukuu wangu. Mwambie bibi yako amepata, na kaka yako amepata. Shangazi amekosea kidogo, lakini kosa lake ni la kumwita mtoto kwa jina la binamu yake.

Rihani na kivumbasi ni jenasi moja, kwa Kilatini Ocimum, jina lililowekwa kwenye vitabu vya mimea na Linnaeus wa Sweden mwaka 1753. Ina spishi zaidi ya 60, na nyingi kati ya hizo ni za Afrika. Rihani ya bibi yako ni Ocimum basilicum, asili yake Asia, na ndiyo hiyo hiyo Waitaliano wanayoila. Kivumbasi cha shangazi huenda ni Ocimum gratissimum, kile kikubwa kinachokuwa kichaka kirefu kuliko mtu, au Ocimum americanum, kile kifupi cha kando ya njia kinachoota mvua zikianza na kukauka kiangazi.

Wote ni wa familia ya mnanaa. Shika shina la rihani katikati ya vidole viwili ulizungushe taratibu. Halizunguki kama kalamu ya mviringo, linakwama kwenye pembe, maana lina pembe nne. Kisha tazama majani: yametoka mawili mawili yakitazamana, na jozi inayofuata juu yake imekaa kinyume, kama msalaba. Maua yamejipanga kwa duara kuizunguka fimbo, duara juu ya duara, kwa kawaida sita kila duara, na kila ua lina midomo miwili. Fanya hivyo hivyo kwa mnanaa wa chai utakuta ni ndugu. (Na ndugu wengine hutawadhania. Mfuru na mtalali tunaokula matunda yake porini huku Tabora, na hata mti wa msaji wa mbao za milango, wanasayansi wamewaweka kwenye familia hiyo hiyo. Nilipoambiwa nilikataa, hadi nilipokata kitawi cha msaji nikakuta kina pembe nne.)

Shina halitakuambia yupi ni yupi, pua ndiyo itakayokuambia. Kivumbasi kikubwa mara nyingi kinanukia karafuu, na si mfano wa maneno tu: mafuta yake yana yujenoli, kitu kile kile kinachoipa karafuu ya Zanzibar harufu yake na ambacho madaktari wa meno wanakitumia. Kipo kivumbasi cha majani yenye manyoya ya kijivujivu, Ocimum kilimandscharicum, hicho kinanukia kafuri hadi macho yanalowa. Kipo kinachonukia limau. Rihani inanukia tamu, laini, na ukiila mbichi inaacha ubaridi kidogo mdomoni. Hata ndani ya spishi moja mimea miwili yaweza kutofautiana harufu kwa sababu mchanganyiko wa mafuta yao haufanani, kwa hiyo usinunue mche kwa macho.

Neno lenyewe, rihani, ni la Kiarabu. Limo ndani ya Kurani mara mbili, katika Sura ya Rahman aya ya 12 na Sura ya Waqia aya ya 89, na bibi yako nadhani anazijua zote mbili kwa moyo. Kiswahili kilichofika Ujiji kilikuja na misafara ya kutoka Bagamoyo kupitia Tabora, na majina ya manukato yalikuja humo humo. Kule India nako wanaye ndugu mwingine wa jenasi hii, wanamwita tulsi. Wahindu humpanda uani juu ya kijukwaa na kumheshimu kila asubuhi.

Siku ya harusi endeleeni kufunga rihani. Ila mwambie bibi asiache zote zichanue. Avune vikonyo vya maua vikiwa bado vichanga, mmea utatoa matawi mapya na majani yatabaki mapana. Abakishe fimbo moja kwa mbegu. Hizo mbegu mkiziloweka kwenye maji kwa robo saa zitavimba na kujizungushia utelezi kama mayai ya chura. Ndizo zinazowekwa kwenye faluda.

*Shikamoo mama. Nafuga nyuki Sikonge, mizinga yangu ya magome na magogo ni arobaini, lakini kumi na moja haijaingia nyuki mwaka wa pili huu. Mzee mwenzangu anasugua kivumbasi ndani ya mzinga. Anasema nyuki wanakuja wenyewe. Ni kweli?*

Marahaba baba. Muulize mzee wako kivumbasi chake kinanukia nini.

Nyuki mfanyakazi anapowaita wenzake mahali papya, huinua mkia na kutoa harufu kutoka kwenye tezi ya mwisho wa tumbo. Ndani ya harufu hiyo mna sitrali, ambayo ndiyo harufu ya limau na ya mchaichai. Kwa hiyo kivumbasi cha limau kina maana, na mchaichai una maana zaidi kwa sababu ni mwingi na haukosei. Kivumbasi cha kafuri au cha karafuu mimi nisingekisugua ndani ya nyumba ninayotaka mtu aingie.

Lakini kabla ya hayo yote safisha mzinga, ondoa nondo na utando wa buibui, kisha yeyusha nta ya zamani uupake. Nta ndiyo inayowaambia kwamba wenzao waliwahi kuishi humo. Na panda kivumbasi kwa wingi penye maji jirani na manzuki, yaani pale ulipoweka mizinga, si kwa kusugua bali kwa maua. Miombo ikimaliza kuchanua, kivumbasi kinachomwagiliwa bado kina maua, na nyuki wanakaa juu yake kuanzia umande unapokauka hadi jioni.

*Mwakeye, Bibi Shamba. Niko Buhigwe, karibu na mpaka. Huku kivumbasi tunakiita umwenya. Mke wangu anakichoma kwenye makaa kila jioni kufukuza mbu, na tangu chandarua kichanike hatujanunua kingine, tunaona moshi unatosha. Mtoto wetu wa miaka miwili alipata homa juzi, bibi yake akamfukiza kwa umwenya na kumnywesha maji yake. Homa imepungua lakini hajachangamka. Naomba ushauri wako.*

Mwakeye ndugu yangu. Nilipoipata barua yako sikungoja toleo hili, nilikujibu siku hiyo hiyo kwa ujumbe: mpeleke zahanati sasa, akapimwe malaria. Nimefurahi umeniarifu kwamba mlikwenda. Naweka jibu hapa kwa ajili ya wazazi wengine.

Homa ya mtoto mdogo haisubiri majani. Malaria inaweza kumgeuka mtoto wa chini ya miaka mitano ndani ya siku moja. Mvuke wa umwenya humfungulia mtu mzima pua iliyoziba na kumfanya ajisikie nafuu, lakini kujisikia nafuu si kupona, na homa inayoshuka kidogo inawapotosha wazazi wakalala. Maji ya kivumbasi usimnyweshe mtoto mdogo. Mafuta yale yana nguvu, na hakuna jikoni panapopimwa kipimo cha mtoto.

Kuhusu mbu, mke wako hajakosea, ila moshi peke yake hautoshi. Mwaka 2002 yalichapishwa matokeo ya jaribio la Magharibi mwa Kenya: waliweka vyungu vya mimea hai ya Ocimum americanum kwenye vibanda vya majaribio, na mbu wa malaria walipungua kwa takriban asilimia 40. Ni msaada mkubwa kwa mmea usiogharimu kitu. Lakini hesabu upande wa pili: kati ya mbu kumi, sita wamepita. Tena yule mbu hupenda kuuma usiku wa manane, na saa hizo makaa yenu yameshazima na harufu imeshatoka dirishani.

Kwa hiyo nunua chandarua chenye dawa, au uulize zahanati kuhusu vinavyogawiwa. Kile kilichochanika kishone leo, uzi na sindano tu. Umwenya upandeni chini ya madirisha, mkipita jioni muupapase kwa mikono utoe harufu. Ukiutaka moshi, chomea nje penye mlango kabla watoto hawajaingia kulala, wasilale ndani ya moshi. Kifua cha mtoto hakitofautishi moshi wa dawa na moshi wa kuni.

*Shikamoo Bibi Shamba. Mimi ni wa Nzega, nataka kukausha kivumbasi nikiuze mnadani. Nilianika juu ya bati, kingine nikakining'iniza ndani ya bani la tumbaku la mjomba. Vyote vimekuwa kama nyasi, havinukii. Nimekosea wapi?*

Marahaba mdogo wangu. Ulikipika.

Mafuta ya kivumbasi yamo ndani ya vitezi vidogo kwenye ngozi ya jani. Likunjue ulitazame juani, hasa upande wa chini, utaona vidoadoa kama umetoboa kwa ncha ya sindano. Vile vikipata joto kali hupasuka na mafuta huruka hewani. Bati la Nzega mchana linachoma mguu, na bani limejengwa ili litoe maji kwenye jani la tumbaku kwa nguvu. Kinachofaa ni kivuli chenye upepo. Kata asubuhi umande ukishakauka, wakati maua yanaanza tu kufunguka, funga vishada vyepesi unavyoweza kushika kwa mkono mmoja, viningʼinize kichwa chini barazani au chini ya mwembe kwa siku kadhaa. Jani likivunjika kwa mlio, pukusa uweke kwenye debe au chupa yenye kifuniko. Usiuze kwenye mfuko wazi. Mteja akinusa na kukosa harufu, harudi.

Na ukitaka kuuza harufu moja mwaka hadi mwaka, usitegemee mbegu. Nyuki huchanganya chavua za mimea ya jirani, na miche ya mbegu itakutolea harufu tofauti tofauti. Tumia matawi. Kivumbasi changu kinachozunguka ua hapa mjini ni tawi la tawi la kile alichokuwa nacho mama kando ya kihenge, nilichukua mwaka 1984, nikahama nacho vituo vitatu vya kazi kikiwa kwenye kopo la maziwa. Bado kinanukia karafuu kama siku ile. Kata tawi lisilo na maua, urefu wa kiganja, chini kidogo ya kifundo cha majani. Toa majani ya chini, acha manne ya juu. Lichomeke kwenye glasi ya maji kivulini, ubadilishe maji kila siku mbili. Wiki ya pili utaona mizizi myeupe. Ikifika urefu wa kidole, pandikiza jioni, jua likiwa limekwisha nguvu.